Almasi za Bure na Uso wa Bibi Harusi

Mkitaka kucheka chekeni sasa hivi, mmalize, kwa sababu nikishaanza sitaki kumuona mtu anajiziba mdomo kwa mtandio anajifanya anakohoa. Jambo lenyewe mpaka leo nikilikumbuka uso wanipanda moto na hasira zanijaa (hasira na nani sijui, maana wa kuwapiga ni wengi na wa kwanza ni mie mwenyewe). Mie Riziki, mpambaji wa maharusi, mwanamke anayeogopwa Wete nzima kwa ukali wake juu ya simu, ndiye niliyeutoa uso wa bibi harusi hadharani kabla hajaolewa. Basi, nishasema, aibu imeshatoka, sasa nisikilizeni.

Kazi yangu mnaijua. Harusi zetu ndani ni wanawake peke yao, mabuibui yanavuliwa, vichwa vinabaki wazi, watu wazima na heshima zao wanajimwaga ngoma mpaka kanga zinawadondoka, na yote hayo ni kwa kuwa kila mmoja ana imani kwamba hapana jicho la mwanamume litakaloyaona. Kwa hivyo simu haiingii. Mie husimama mlangoni na kikapu changu cha ukili, kila anayeingia anaitia simu yake humo, na asiyetaka arudi akakae uani na wapishi. Nimeshamrudisha shangazi wa bwana harusi mie, akanuna mpaka harusi ikaisha, sikujali. Simu inayobaki ndani ni moja tu, yangu, kwa sababu mama wa bibi harusi hutaka picha ya kumbukumbu, nami humpigia, humpa, kisha huifuta mbele ya macho yake. Na ukurasa wangu wa mtandaoni, ule ninaopatia wateja, ukiufungua utakuta mikono yenye hina, magauni yaliyotundikwa ukutani na vikuba vya asumini. Uso wa mtoto wa mtu, hasha.

Sasa ndipo anapoingia wifi yangu Siti, mke wa kaka yangu, anakaa Chake, hana kazi mchana kutwa ila kuvunja almasi. Ni mchezo wa kwenye simu, unapanga vijiwe vya rangi moja, vinavunjika, unapanda daraja, ukikosea unapungukiwa roho, zikiisha unakaa kusubiri kama uliyefungiwa nje. Yeye ndiye aliyenitia katika balaa hilo, kisha akawa juu yangu kwenye ule ubao wa majina ya wanaoongoza, na kila asubuhi ananiletea ujumbe, "Wifi, bado upo hapo hapo?" na vile vikatuni vya kucheka machozi. Mie mtu mzima, nina wajukuu, nilikuwa naamka roho imeshachafuka kwa ajili ya vijiwe.

Basi katika kundi letu la wapambaji na wauza nguo mtu akatupa linki (nani hata sasa hajitokezi, na afanye vivyo hivyo, asijitokeze) kwamba kuna mchezo ule ule lakini umechezewa, almasi haziishi, roho haziishi, bure. Nikajua kuwa ni udanganyifu, sikuwa mjinga kiasi hicho, lakini nikajiambia almasi zenyewe si za kweli, kwani nimemuibia nani. Nikaupakua. Simu ikaniletea maneno mekundu kuwa kitu hiki kina hatari, nikabonyeza endelea. Ikauliza, niuruhusu uzione picha? Ruhusu. Uyaone majina ya watu? Ruhusu. Nikawa naruhusu kama ninayeitikia dua, wala sisomi.

Almasi zikamiminika, nikapanda madaraja mpaka nikachoka. Lakini utamu uko wapi kama Siti haoni? Maana ule wa kuchezewa alama zake zinabaki kwako peke yako mpaka uuunganishe na akaunti yako ya mtandaoni. Na mie akaunti ninayo moja tu, ile ya kazi, yenye wateja wangu na waume zao na kaka zao na hata khatibu wa msikiti aliyenifuata kwa ajili ya harusi ya mwanawe. Hapo ndipo nilipojichimbia shimo. Nikaandika jina, nikaandika paswedi yangu kwa vidole vyangu mwenyewe, nikaunganisha. Siku ile Siti hakuniletea ujumbe. Nilifurahi, nisiwadanganye, nilifurahi mpaka nikapika pilau.

Haukupita muda nikaitwa Gando kumpamba Raya, binti wa Bi Hidaya. Mtoto huyo ni wa kutulia, tangu ilipokubaliwa posa yake hajaonekana hata uani kwa jirani, anasingwa kwa liwa ya kulainisha ngozi, anafukizwa udi, mwari amewekwa ndani akawekeka. Nikah ilikuwa baada ya sala ya alasiri, na msikiti uko ng'ambo ya njia tu, ukisimama dirishani unasikia wanaume wanavyozungumza barazani. Nilipokuwa nampaka wanja Raya akaniambia polepole kwamba mchumba wake, Hamad, hajapata kumuona ila ndani ya buibui, na yeye kwa muda wote huu alichokuwa anakiomba ni hicho tu, Hamad amuone alivyopambwa, na awe ndiye mwanamume wa mwanzo. Nikamwambia, mwanangu, hilo niachie mie. Wallahi nilisema hivyo, kwa mdomo huu.

Nikammaliza. Na mie mwenyewe, pamoja na maharusi wote niliowapamba, nilisita nikamtazama. Bi Hidaya akaingia akalia, akaomba picha yake, nikampigia. Kisha akaitwa jikoni kabla sijampa na kuifuta, nikabaki na Raya anasubiri piko, ile rangi nyeusi ya maua ya mikononi, ikauke, na wageni kule ukumbini wanapiga vigelegele. Mkono ukaniwasha. Nikasema nicheze kidogo tu. Nikaufungua ule mchezo, ukaja na kitufe kikubwa chekundu, ati nialike marafiki nipewe kasha la dhahabu. Hebu niambieni, mtu ambaye almasi zake haziishi, kasha la dhahabu la nini? Nikabonyeza.

Kilichosikika kwanza ni mlio mmoja kutoka kwenye kikapu. Nikapandwa na hasira pale pale, nikatoka chumbani nikaenda ukumbini nikauliza ni nani asiye na adabu ambaye hakuizima simu yake, mie si nimesema? Sijamaliza kusema ukalia wa pili, na wa tatu, kisha kikapu kizima kikaanza, huyu anapiga kengele, huyu anatetema, huyu mlio wake ni adhana, kama banda la vifaranga walioona kipanga. Ngoma ikasimama. Nikainama kuzizima huku nawatukana, na simu iliyokuwa juu kabisa kioo chake kimewaka, nikaliona jina langu. "Riziki anakualika mcheze pamoja." Na chini yake Raya. Uso wake wote, nywele zake, shingo yake, asumini zake, na vijialmasi vya rangi vimemzunguka kama tangazo la sabuni.

Nilikuja kuelewa baadaye kwamba ule mchezo, kwa kuwa nimeuruhusu picha na nimeupa akaunti, ulichukua picha ya mwisho iliyopigwa na kuipeleka kwa kila mtu ninayejuana naye, na kuwataja kwa majina wasije wakapitwa. Wakati ule sikuelewa kitu. Nilisimama tu na simu ya watu mkononi.

Mlango ukagongwa kwa nguvu. Alikuwa Khamis, kaka yake Raya, kasimama nje kageuza uso. "Mama, mwambie mpambaji aifute ile picha. Iko kwenye simu za watu wote hapa barazani."

Nikakimbilia simu yangu. Ukurasa ukanitaka paswedi. Nikaandika, ukaniambia si yenyewe. Nikaandika tena polepole, herufi moja moja, ukaniambia si yenyewe, na huku ule mwaliko unatoka tena, kikapu kinalia tena, wale washenzi wenye mchezo walikwisha kunibadilishia kufuli nyumba yangu mwenyewe nami niko nje. Nikausihi, nikautukana, nikausomea ayatul kursi. Bi Hidaya ananishika mkono, ananitazama tu. Na Raya, aliyekuwa amekaa kitandani na mikono kaiweka juu juu isichafuke piko, akaniuliza swali moja, bila ya kupandisha sauti.

"Bi Riziki, kwani yako iliingia kikapuni?"

Nilivaa buibui nikatoka, viatu sikuviona, nikavuka njia miguu mitupu mpaka ukuta wa msikiti, nikasimama hapo kwenye jua mbele ya wanaume wa Gando na wa upande wa bwana harusi wote, nikawaambia kila aliyeipata ile picha aifute, na aliyeitazama amuogope Mungu. Wengine wakainamisha vichwa. Mmoja, namjua na mkewe nimempamba mie, akacheka. Shehe aliyekuja kuozesha akaniuliza kwa upole, akitaka kufahamu tu masikini, kwani ni kitu gani kilichotokea, na mie ikanibidi nieleze, mbele ya wazee wenye ndevu nyeupe, kwamba nilikuwa navunja vijiwe, kwamba vilikuwa vya bure, kwamba nilimtaka wifi yangu aone. Hapo kicheko kilichowatoka hakikuwa cha mmoja. Na wakati huo huo simu yangu ikalia, ni Siti, nikapokea nikidhani ana msaada, ananiambia wifi nimeuona mwaliko wako, bibi harusi mzuri. Nilimwambia maneno ambayo hayafai kusemwa karibu na msikiti, nami nilikuwa karibu na msikiti.

Ami yake Hamad akasema nikah iahirishwe, mwari ameshakuwa wa kutazamwa na kila mtu, watu wakae kwanza wazungumze. Khamis akamjia juu, ikawa karibu washikane. Hamad mwenyewe akatoa simu yake mfukoni, akampa Shehe ikiwa imezimwa, akasema, "Mie sijaitazama na sitaitazama. Niozesheni." Mungu ampe umri mrefu kijana yule, kwa sababu bila ya yeye ningekuwa nimezikwa pale pale chini ya ule ukuta. Nikah ikafungwa.

Nikarudi ndani mbio na furaha, nikidhani yamekwisha, nikamwambia Raya kuwa mumeo hajaitazama, ameapa, anakuja sasa hivi. Nikachukua poda nimrekebishe pale machozi yalipopita. Akanizuia mkono. Akamwambia mama yake, "Uso huu umeshaonwa na watu. Nileteeni maji." Na akaosha. Wanja, rangi, poda, vyote, kazi yangu ya tangu adhuhuri ikateremka kwenye beseni, na zile asumini akazivua mwenyewe moja moja akazitia humo humo. Hamad alipoingia alimkuta mkewe uso umekauka, macho mekundu, kichwani kanga ya mama yake. Alimpenda hivyo hivyo, naambiwa. Lakini kile alichokiomba yule mtoto hakukipata, na hakipatikani tena, harusi ya kwanza haina marudio.

Picha ilikaa hewani mpaka siku ya pili, hadi mtandao ulipoufunga ukurasa wangu wote, na wateja wangu wote humo ndani. Nilishukuru. Lakini kuna mijitu iliyokwisha kuihifadhi, na naijua, na ikiingia msikitini inakaa safu ya mbele. Na hao walioutengeneza mchezo huo sijui wako nchi gani, wananitakia nini mie, nina nini Wete cha kuibiwa, basi wakaniibia kisicho changu. Mtu wa linki simtafuti. Siti sijamsamehe, ingawa kwa haki hana kosa, kosa lake ni kucheka. Na mie sasa nikimaliza kupamba nakaa na mikono yangu mapajani, mama akitaka picha apige mwenyewe kwa simu yake, na atakayeniletea tena kitu cha bure nitamuuliza anataka kuchukua nini.

Fungate ilipokwisha nilifunga halua na kanga doti moja nikaenda kwa Raya kumuomba radhi. Mama mkwe wake alinipokea vizuri, kakaa sebuleni kichwa wazi anamenya muhogo, akamwita mkamwana wake kuwa mgeni wako amekuja. Raya akatoka chumbani na sinia la kahawa. Alikuwa amevaa buibui, na uso ameufunika mpaka chini ya macho. Nikadhani mna mwanamume ndani, nikageuka kutazama. Hapakuwa na mtu, palikuwa na sisi watatu.

Nikamuomba radhi. Akasema, "Nimekusamehe, Bi Riziki. Kunywa kahawa." Na alisema kweli, nilimsikia hana kinyongo. Lakini alikaa mbele yangu vile vile, kajifunika, kama anavyokaa mwanamke mbele ya mwanamume wa njiani, mie niliyempamba, mie niliyemvisha, na kila niliponyanyua kikombe alikuwa anauvuta ule ushungi juu kidogo. Nikaimaliza kahawa, nikaaga. Mpaka leo tukikutana sokoni ananisalimia kwa adabu, ananiuliza hali ya wajukuu, nami sijauona tena uso wake.