Kadi ya Firmin, Umeme wa Shituru

Kengele ya misa ya pili imekwisha kulia, na Michée Mbuyamba bado amepiga magoti mbele ya mlango wa chuma. Cheche zinaruka. Anachomelea bawaba, anainua kinga ya uso, anavuta pumzi, anaishusha tena. Hapa Shituru, mjini Likasi, hakuna anayemuuliza kwa nini hajaenda kanisani. Leo umeme upo. Wa kesho haujulikani.

"Honorable Makuta-Hakuna!" anaita Adrienne, muuza samaki wa barafu, kutoka ng'ambo ya njia. Makuta ni fedha, na jina hilo Michée amelibeba tangu kampeni. "Nasikia kesho unatuzimia courant, umeme ya mutaa muzima. Samaki yangu nitaweka wapi, mu mufuko yako?"

"Leta, mama. Mufuko iko wazi, hamuna kitu ndani."

Wanacheka wote wawili. Kicheko chenyewe kinachoka upesi.

Michée ana miaka 42. Amegombea ubunge wa jimbo mara mbili, mara zote bila chama, mara zote akashindwa. Hakugawa fulana, hakugawa vitenge vyenye sura yake. Kwenye matanga, wagombea wenzake huleta turubai na viti vya kukodi. Yeye huja na shoka, akapasua kuni mpaka wafiwa wapate chai. Mfereji ukiziba, utamkuta humo ndani, matope magotini.

"Mara ya pili nilipata kura elfu moja na kitu," anasema. "Hazikunifikisha popote. Lakini hata moja sikuinunua."

Kabla ya kura hiyo ya pili, transfoma ya mtaa ilikuwa imeungua, na Shituru ya upande huu ikakaa gizani miaka miwili. Ndipo akaja Firmin, tajiri wa malori na mgombea wa chama kikubwa, akaleta transfoma mpya. Watu walicheza barabarani mpaka vumbi likawa wingu.

Kisha Firmin naye akashindwa.

Jumanne iliyopita lori lake lenye winchi lilisimama chini ya mashine hiyo, tayari kuing'oa. Katika siasa za huku jambo hilo halishangazi sana. Kuna zawadi za kampeni ambazo hukumbuka njia ya nyumbani kura zikigoma. Firmin alichungulia dirishani mwa lori.

"Mulikula courant yangu, mukapigia muntu mwingine!"

Alipomwona Michée katikati ya watu, sauti ikalainika. Masharti yakawa mepesi kusema: Michée achukue kadi ya chama mbele ya wapiga picha, kura zake elfu moja zihamie huko, na transfoma ibaki. Akapewa mpaka Jumatatu kufikiri.

Jumatatu ni kesho.

Kwa fundi wa kuchomelea, umeme ndio shamba lake. Ukiwapo, hutengeneza milango mitatu kwa wiki na kubaki na dola kama sitini. Ukikatika, hukodi jenereta, na mafuta yakala faida yote. Mkewe, Delphine, ni mwalimu, na mshahara wake huja siku unayojisikia. Nyumbani hubaki bukari, ugali wa huku, na matembele, na watoto wanne wanaorudishwa nyumbani kutoka shule kwa kukosa karo.

Basi kwa nini asiichukue kadi?

Michée anazima mashine kabla ya kujibu. Alikuwa mtoto wa miaka tisa familia zenye asili ya eneo la Kasai, yake ikiwamo, zilipofukuzwa mjini hapa. Babake, Albert, mfanyakazi wa reli aliyezaliwa Likasi, aliwalaza wanawe sakafuni kituoni kusubiri gari la moshi la kuwapeleka nchi wasiyoijua. Mdogo wake, Julie, akaharisha, akafa kabla gari halijafika. Jirani Mbemba ndiye aliyekuja na mkokoteni, akawarudisha wengine, akawaficha nyumbani kwake.

"Banaotufukuza walikuwa na chama. Banaotutetea walikuwa na chama," anasema. "Ule jirani hakukuwa na chama. Alikuwa na mukokoteni. Nikasema, miye nikikomaa, nitakuwa sawa na yeye."

Baada ya misa watu wanajaa uani kwake. Hakuna viti vya kutosha. Wengine wanakalia vyuma.

"Papa Michée, kadi haina meno," anaanza Djibril, mwenye kinu cha kusaga. "Unaogopa itakuuma?"

"Kadi haina meno. Mwenye kadi iko nayo."

"Na giza?" anadakia Adrienne. "Giza haiumi? Weye unakula heshima yako, sisi tutakula nini?"

Michée anajipangusa uso kwa kitambaa kichafu kuliko uso wenyewe.

"Nimewaambia siku zote, chama yangu ni ninyi. Sawa. Chama iseme. Anayetaka nichukue kadi, ainue mukono."

Mkono wa Adrienne unapanda. Wa Djibril. Kisha mingine, polepole, ya watu wanaotazama chini. Mwisho Delphine, amesimama mlangoni na unga viganjani, anainua wake.

"Baba Deborah, unisamehe," anasema. "Nimechoka."

Michée anautazama mkono ule mweupe kwa unga muda mrefu. Hakasiriki. Anaketi juu ya mlango ambao haujakamilika, kama mtu aliyeshushiwa mzigo na kutwikwa mwingine.

"Nikikataa sasa, nitakuwa sawa na bale bakubwa banaosema 'wananchi' na hawasikii," anasema. "Wamenituma. Nitaenda."

Ataenda kesho na ovaroli yake ya kazi, Firmin apige picha zake zote. Lakini hapo hapo uani, kabla watu hawajatawanyika, anawaomba jambo moja: kila nyumba ianze kuchanga transfoma ya mtaa, hata iliyotumika, hata ikichukua miaka.

"Siku ile ya kwetu itawaka," anasema, akiokota kinga ya uso, "Firmin alete lori yake. Miye mwenyewe nitamusaidia kupakia mashine yake, nitafunga kamba vizuri. Na kadi nitamuwekea pale juu."