Kwa Nini Babu Aliitwa Owiti

Nyinyi wote mlio hapa, wa kwenye viti na wa pale mlangoni, nyamazeni kidogo niseme. Brayo, weka hiyo simu chini. Unaishika vizuri kuliko unavyoshika mtoto.

Mimi shule niliiona kwa mbali tu, nikaipungia mkono, ikanipungia, tukaachana hivyo. Lakini kuna jambo moja nalijua kwa sababu lilinipitia tumboni. Kesho mtoto wa Brayo anabatizwa, na Brayo, mjukuu wangu, hataki apewe jina la Owiti, baba yake, mwanangu tuliyemzika mwaka jana. Aliniambia mwenyewe, tena kwa heshima, akiniita bibi kwa Kiluo chetu: "Dani, Owiti maana yake aliyetupwa. Nitampaje mtoto jina la takataka? Hapa mtaani Manyatta watamcheka mpaka ahame." Nikamwambia nitajibu watu wakishashiba. Sasa mmeshiba. Hata paka ameshiba.

Nakumbuka asubuhi moja kule Kombewa, nikiwa bado msichana, nimeolewa majuzi kutoka Asembo. Kiuno changu kilikuwa chembamba hivi kwamba upepo wa ziwa ukivuma mume wangu ananishika nisipeperuke. Cheka tu, Brayo, picha hakuna. Kabla ya asubuhi hiyo nilikuwa nimeshazaa mara mbili. Wa kwanza alizaliwa jua likiwa utosini, tukamwita Achieng, kwa sababu kwetu mtoto hupokewa na saa aliyokuja nayo. Wa pili alikuja na mvua, tukamwita Okoth. Wote wawili hawakufika kutambaa.

Hapo sijaongeza chumvi, mwanangu. Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi.

Wa tatu akaja jua likipanda. Kwa desturi angekuwa Onyango. Nilipofungua mdomo nimwite, mama mkwe wangu akaniziba kwa kiganja. "Usimwite," akasema. "Ukimwita, kifo kitajua yuko humu."

Kulikuwa na njia ya mtoto anayekuja baada ya wenzake kufa. Analazwa jalalani kando ya njia, asubuhi, na mwanamke wa boma lingine anapita, anamwokota kama kitu kilichotupwa, ndipo anaitwa Owiti. Halafu wenye mtoto wanamfuata na kuku, wanaomba wamlelee. Kifo kikija kuuliza, kinaambiwa hapa hakuna mtoto, huyu ni wa watu, ameokotwa tu. Na mama aliyemzaa haruhusiwi kusema "wangu" mpaka hayo yaishe.

Basi tukapatana na jirani, mama yake Atieno. Sasa huyo mama, Mungu ampumzishe, alikuwa mtu wa kuchelewa. Hata kwenye mazishi yake mwenyewe tulimngoja. Tukamlaza mtoto kwenye maganda ya mahindi, tukajificha nyuma ya ua, tukangoja. Mama Atieno hakuna. Mtoto akaanza kulia, na kile kilio nadhani watu wa Uganda waliamka wakavaa viatu. Mama Atieno hakuna.

Aliyetokea njiani ni Mama Punja.

Huyo alikuwa Mhindi, mke wa Punja mwenye duka la sokoni, duka kubwa kuliko yote Kombewa. Alivaa bangili kutoka kwenye kifundo mpaka karibu na bega, akitembea unadhani gari moshi limefika. Alikuwa anatoka kuchukua maziwa. Akasikia kilio, akasimama, akaona. Akaweka chombo cha maziwa chini, akamfunika mtoto kwa ncha ya sari yake, akaondoka naye mbio.

Nikaruka nimkimbilie. Mama mkwe akanivuta sketi mpaka ikakaribia kubaki mkononi mwake. "Ukisema wako, umemuua," akaniambia. "Aliyemwokota ni yeye. Imeshapita."

Tukamfuata kwa nyuma na kuku wetu. Tulipofika dukani, Mama Punja ameketi juu ya gunia la mchele, mtoto kifuani, uso mwekundu kwa hasira. Mzee Punja yuko kwenye mizani ya sukari.

"Nani natupa toto?" Mama Punja akauliza. "Mimi nangoja polisi fungua, mimi napeleka."

Nikisema ni wangu, nimemwita kifo kwa jina. Nikinyamaza, mtoto anaenda polisi, na mimi najulikana kama mwanamke aliyetupa mwanawe. Mama mkwe akajaribu kuzunguka: "Mama, tumesikia umepata mtoto. Tunaomba tukulelee. Kuku ndiye huyu."

"Mimi hapana kula kuku," akasema Mama Punja. "Kwa nini natupa?"

Kiswahili chake kilichechemea, na changu pia, kila kimoja na mguu wake. Nikapiga magoti hapo kwenye unga uliomwagika. Nikasema tu, "Mama, wa kwanza alikufa. Wa pili alikufa."

Akanitazama. Akatazama kifua changu, maziwa yameshalowesha nguo. Kile ambacho mdomo ulikatazwa, nguo ilikuwa imeshasema.

Halafu akamnyooshea mumewe kidole. "Wewe najua Punja maana yake nini?"

Sikujua. Nilidhani ni tajiri, kwa lugha yao.

"Takataka," akasema. "Ile ya kufagia nyumba. Mama yake nazaa, toto nakufa, nazaa, toto nakufa. Hii moja naita takataka, Mungu hapana taka, nawacha."

Mzee Punja akainamisha kichwa juu ya sukari yake. Mtu ambaye sisi wote tulimwamkia tukiwa bado mbali barabarani, mwenye miwani ya dhahabu, kumbe anaitwa Takataka. Mama yake, ng'ambo ya bahari ambayo sijawahi kuiona, alijificha nyuma ya jina kama mimi nilivyojificha nyuma ya ua.

Mama Punja akampaka mtoto wanja mweusi hapa, kando ya kipaji cha uso, jicho baya lisimwone. Akanipa. "Toto yangu," akasema. "Wewe nalea tu." Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, na mimi ndiye mwenyeji aliyepona. Kuku akabaki dukani, na kwa kuwa hakuna wa kumla, alizeeka mpaka akaota mvi.

Tukirudi nyumbani nikalalamika. Nikamwambia mama mkwe hilo jina la Owiti litamwaibisha mtoto, watu watamcheka. Hakusimama. Alisema akiendelea kutembea: "Wale wawili hakuna aliyewacheka. Afadhali mtoto anayechekwa kuliko mtoto anayeliliwa."

Sijalisahau neno hilo. Owiti alichekwa, ndiyo. Alichekwa shuleni, alichekwa kule Mamboleo akipakia mizigo, na alikua, akaoa, akakuzaa wewe, Brayo, akazeeka. Mama Punja naye, mpaka alipohama, akimwona njiani alimwita "toto yangu" mbele ya watu wote.

Kwa hivyo, mwanangu, jina ni kama blanketi kuukuu. Kabla hujalitupa, uliza kwanza ni nani aliyefunikwa nalo akapona baridi. Usicheke jina la Mluo, wala la Mhindi, wala la mtu yeyote, kwa sababu hujui ni mama gani alilia ndani yake. Mwacha asili ni mtumwa, na wewe sikukuzalia baba ili uwe mtumwa wa vicheko vya Manyatta. Mtoto ni wako, amua wewe. Mimi nimemaliza. Mungu awape watoto wa kuwazika nyinyi, wala msiwazike wao. Kila mtakapoita jina nyumbani mwenu, apatikane wa kuitika.

Bibi aliishia hapo. Brayo alikuwa amemtazama mtoto mikononi mwake, anamfuta shavu kwa kidole. Mwishowe akainua uso.

"Lakini Dani, kama yule mama alimwokota babangu, huyu Owiti wangu urithi wake wa lile duka uko wapi?"