King'ora cha Saa Sita

Kabla ya vita kiwanda chetu kilitengeneza ndoo, na Mzee Honi ndiye aliyekuwa mpiga king'ora. Miaka nenda rudi alivuta kamba saa sita mchana, wafanyakazi wote wakaenda nyumbani kula. Hata paka wa mtaani walijua.

Vita vilipoanza, ndoo zikawa maganda ya mabomu. Wanaume walipelekwa kuyarusha, wake zao wakaletwa kuyatengeneza.

"Ndoo zetu zilikuwa zinavuja," alisema mke wa Mzee Honi, aliyepewa mashine ya kukunja bati. "Adui asiwe na wasiwasi."

King'ora nacho kikapandishwa cheo: sasa kingelilia ndege za adui tu. Chakula kingeitwa kwa kikengele cha mkononi, ambacho kilisikika vizuri sana kwa aliyekipiga. Meneja akaeleza kwamba king'ora kikilia, wote wakimbilie handaki jipya nyuma ya ghala. Akalizindua kwa kukata utepe. Watu wakapiga makofi.

"Mama Watoto," Mzee Honi alimwambia mkewe, "kikilia usije nyumbani. Handakini."

"Wewe vuta kamba yako. Miguu yangu inajua pa kwenda."

Ndege zilikuja saa sita kasorobo, kama wageni walionusa chungu. Mzee Honi akavuta. Kutoka juu ya paa akaona geti linafunguliwa na wanawake wanatoka wakivua aproni, wakicheka, wanaelekea nyumbani. Mbele yao wote, kitambaa chekundu cha mkewe.

Alipiga kelele mpaka sauti ikakauka, lakini nani angemsikia kwa king'ora kile? Akiacha kuvuta, hata atakayekumbuka hatari atadhani imepita. Akiendelea, wataharakisha wasikose chakula. Akaendelea. Kitambaa kikapotea kwenye kona.

Lilianguka bomu moja tu. Likachagua handaki.

Meneja alitoka chini ya meza yake, akalitazama shimo, akatangaza kwamba utovu wa nidhamu wa namna hii hautavumiliwa tena.

Mzee Honi alifika nyumbani mbio, akasimama mlangoni akihema.

"Ule mshindo ulikuwa wa nini?" mkewe akauliza.

"Handaki."

"Nani alikuwemo?"

"Hakuna."

"Si nilikwambia miguu yangu inajua?" Akamsogezea sahani. "Unatuita mapema, halafu mwenyewe unachelewa. Chakula kimepoa."

Akakila hivyo hivyo, bila kulalamika. Hapo ndipo mkewe alipoamini kwamba vita vimefika.