Sekunde Nne za Babu

Hadi leo nikinusa maji ya betri ya gari, namkumbuka Nyanya. Kule kwetu Sagalla stima ilikuwa haijafika, na runinga ya pekee kijijini ilikuwa ya mwalimu wetu, ikitumia betri iliyoteremshwa mjini Voi kila wiki kuchajiwa. Kiangazi kimoja watu wa runinga walikuwa wamekuja kumrekodi Nyanya akieleza ngoma za ujana wake, wakamwahidi kwamba wangeonyesha pia filamu kuukuu ya kikundi chake cha ngoma. Babu ndiye aliyekuwa mpiga ngoma wa kikundi hicho. Alifariki kabla sijazaliwa, wala hakuacha picha hata moja.

"Sura yake imeanza kunipotea," Nyanya aliniambia tukichambua maharagwe. "Nataka nimwone mara moja tu."

Jumapili ya kipindi, baada ya ibada, tulijaa sebuleni kwa mwalimu tukinuka jasho na mafuta ya nazi. Nyanya alipewa kiti cha mbele. Alipotokea kwenye kioo akizungumza, nyumba ililipuka kwa vigelegele, kisha watu wakafanya kosa la watu wa kwetu: walipanga foleni kumpa mkono. Kwetu mkubwa hapongezwi kwa mbali, na salamu haikosi kuitikiwa. Heshima si utumwa, lakini siku ile ilitutumikisha. Nyanya alishika kila mkono, akaulizia watoto, akaulizia mbuzi. Nyuma ya migongo ile filamu kuukuu ikaanza, na mtangazaji akalitaja jina la Babu.

"Nyanya, Babu huyo!" nilipiga kelele.

Mke wa mwalimu alikuwa bado amemshika mikono yote miwili. Nyanya alipofanikiwa kuchungulia, lilikuwa tangazo la sabuni.

Tukirudi nyumbani aliniuliza, "Alikuwaje?"

Nami, mtoto wa miaka tisa, nikasema nilichokiona: "Shati lake limeraruka kwapani."

Alicheka hadi akaketi kwenye jiwe, kisha akalia. Nilijichukia kwa kutotazama uso.

Siku hizi kila nyumba ina runinga yake, na mwaka jana binamu yangu alinitumia kipindi kile kwenye simu. Nakirudisha nyuma nipendavyo, na hakuna wa kusimama mbele yangu. Wahenga walisema majuto ni mjukuu, na mjukuu ndiye mimi. Babu anaonekana sekunde nne. Haangalii ngoma, haangalii kamera. Amemkazia macho msichana wa mwisho kwenye mstari, na msichana huyo ni Nyanya. Nimemtafuta wa kumwambia, lakini tulimzika zamani.