Mkono Mmoja wa Gauni la Candida

Nitakachokueleza hapa hutakiamini, na wala sitakulaumu, maana ningekuwa wewe ningeguna nikafunua ukurasa mwingine. Lakini mimi ndiye Isidori, fundi cherehani wa Mtaa wa Mahiwa, Kariakoo, niliyeishia darasa la sita na bado nikamshonea suti bwana harusi aliyeleta kitambaa asubuhi, saa nane mchana akaoa nayo. Kwa hiyo tulia usome.

Nakueleza habari za Candida, mtoto wa dada yangu, anayeuza vifungo, zipu na nyuzi pembeni ya cherehani yangu. Ukimwona utapita tu. Mwanamke mwembamba, maneno machache, zipu mbovu anaijua kwa mlio. Mume wake alikuwa Pius, kijana wa Masasi, fundi kama mimi, ila mimi zaidi. Tulikaa watatu kibaraza kimoja, mimi katikati yao kama padri anayefungisha ndoa. Halafu figo za Pius zikagoma.

Mara tatu kwa wiki Candida alimpeleka kusafishwa damu. Saa nne nzima amelala, damu inazunguka kwenye mashine, na wao hawana la kufanya. Hapo ndipo walipoizua nchi. Waliiita Lumeza. Mwanzoni ilikuwa na mito tu na watu warefu. Mwezi wa pili ikawa na dini.

Mungu wa Lumeza anaitwa Mngoja. Ameketi kwenye mlango wa asubuhi na kazi yake ni moja, kuwaita watu kwa majina. Mwezi ukiandama, waumini wanashuka mtoni kuosha vivuli vyao, wanavisugua juu ya mawe. Na ukuhani hupewi mpaka uwe umewahi kupotea njia siku saba.

"Basi mimi askofu," nilimwambia Pius. "Siku ya kwanza nafika mjini niliikosa Kariakoo, nikatokea Magogoni kwenye soko la samaki, kidogo nivuke na pantoni."

"Mjomba, wewe hukupotea. Ulikuwa unafuata harufu ya samaki."

Akacheka mpaka akashika ubavu.

Lakini ilikuwepo sheria moja ambayo hawakuitania. Huko Lumeza haruhusiwi mtu kufa akiwa amemaliza kazi zake zote. Lazima aache moja, aichague mwenyewe, na asitokee wa kuimalizia. Kila asubuhi Mngoja humwita: fulani, ile kazi yako imefika wapi? Naye hujibu: bado. Ndivyo jina lake linavyobaki. Kazi ikimalizwa, Mngoja hana tena la kumuuliza, na siku asipoitwa, hiyo ndiyo siku aliyokufa kweli.

Pius alichagua gauni la Candida, kitenge cha bluu chenye ndege wa njano. Miguu ilikuwa imevimba hata hawezi kukanyaga cherehani, akawa anazungusha gurudumu kwa mkono. Alishona lote hadi pindo, akaacha mkono wa kushoto, ameshaukata, ameubana kwa pini begani. "Huu usiguswe," akamwambia mkewe. Mimi nilikuwa natoboa matundu ya vifungo hatua moja kutoka pale. Nilisikia kila neno. Wiki mbili baadaye tukampeleka Masasi ndani ya sanduku.

Candida alirudi kibarazani. Kila asubuhi, akipanga vifungo, nilimsikia akisema kwa sauti ndogo, mara moja tu: "Bado." Nilijifanya sisikii.

Arobaini ikakaribia. Mama yake Pius, Bi. Scholastika, akaja kutoka Masasi, akaliona gauni limetundikwa na bega lake la pini, akanigeukia.

"Mkwe wangu, fundi mzima unaiacha kazi ya mwanangu ikae kilema? Huyu binti avae nini kanisani?"

Sasa mimi, mtu akishasema fundi mzima, sina akili tena. Nikajiambia Lumeza ni hadithi za kusahaulisha sindano, na mwenye sindano keshapumzika. Candida alikuwa maduka ya Gerezani kufuata nyuzi. Nusu saa haikufika. Mkono ule niliupachika kwa namna ambayo, bila kujisifu, Pius mwenyewe asingejua mshono wake umeishia wapi na wangu umeanzia wapi. Nikapiga pasi. Nikatundika, nikangoja kushukuriwa.

Candida alirudi, akaweka mfuko chini, akapitisha kidole begani mwa gauni.

"Nani, mjomba?"

"Kariakoo hii nani mwingine ana mkono kama huu?"

Akaketi chini, kwenye saruji, gauni mapajani.

"Nitafumua, mwanangu," nikasema haraka. "Dakika tano tu."

"Haifumuliki. Mimi na Pius tulishalizungumza hilo. Kazi iliyokwisha imekwisha."

"Candida, ile si hadithi tu?"

"Najua ni hadithi, mjomba. Tuliitunga wenyewe. Sasa niambie, kesho asubuhi Mngoja atamwita kwa lipi?"

Bi. Scholastika alikuwa anatuangalia mmoja mmoja. "Kwani kumetokea nini?"

Kanisani Candida alivaa nyeusi. Tangu hapo anapanga vifungo kimya.

Lakini usinidhanie nilikaa tu! Nilikumbuka koti la Zahoro, muuza vitenge wa mtaa wa pili, alilolianza Pius kabla hajaugua; kama bado halijaisha, Mngoja ana la kumuuliza. Nikatoka mbio na umri huu, naruka mikokoteni, wapagazi wananipisha. Nikamkuta Zahoro dukani amelivaa juu ya kanzu, na kwa macho yangu haya, mfuko wa kushoto haukuwepo! Nikamweleza Lumeza yote. Mtu mzima yule akalia, akaapa mbele ya wateja kwamba koti lile halitaguswa na sindano mpaka anakufa, na mtaa mzima ukasimama, bodaboda zikazima injini, na nilipomshika mkono Zahoro akani—

"Mjomba."

Candida yuko nyuma yangu, anasoma juu ya bega, sijui tangu lini.

"Koti lina mifuko yote miwili. Zahoro alilimalizisha kwa fundi mwingine kabla hata ya msiba. Nilikwenda kumuuliza mimi, jioni ileile ya gauni."