Kuku Mgeni wa Utemini

Kila nikisikia mtetea akiita wenzake kwenye mtama, namkumbuka mama. Alipohama kijijini Kinampanda baada ya baba kufariki, alishuka stendi ya Singida na mfuko wa nguo, dumu la mafuta ya alizeti na mtetea mmoja mwekundu kwapani. Kuku wengine wote aliwagawa kwa majirani. Huyu hakuweza kumwacha, kwa kuwa alimlea tangu kifaranga.

Kwetu Utemini tulimfunga yule mtetea kwenye nguzo ya jiko la nje. Kuku mgeni hakosi kamba mguuni, na anayemfunga hadhani anamtesa, anamfundisha nyumba. Baada ya siku chache huzoea. Huyu alikataa katakata. Tulimwagia mtama, akautazama tu. Alishinda ameelekea ukutani, akijinyonyoa manyoya ya kifuani. Mume wangu akasema huo ni ugonjwa wa mdondo, achinjwe kabla hajafa bure. Mimi, mbishi, nikakaza kamba.

Siku hizo mama naye alikuwa mtu wa kunyamaza. Asubuhi tulimwachia uji kwenye chupa, tukamsihi afunge geti na asimfungulie mtu, maana mjini kuna wezi, kisha tukaenda kazini. Jioni tuliukuta uji umepungua kidogo tu. Tulisema ni msiba, utapita.

Jumamosi moja kamba ilikatika. Mtetea akapenya chini ya michongoma hadi kwa jirani, mama mmoja aliyefuga kuku wengi. Nilimkuta katikati yao anaparura pumba, wenyeji wanamdonoa na yeye hajali. Mtama wetu kaususia, pumba za watu anazifakamia! Nilicheka, nikamwita mama aje aone.

Mama alisimama akamtazama yule mtetea. Kisha akasema taratibu, bila hasira, "Mwanangu, na mimi mtanifungua lini?"

Kicheko kilinikauka. Niliona aibu, na uchungu pia.

Jumatatu geti lilibaki wazi. Mama alishinda kwa jirani akichambua vitunguu na wanawake wenzake, akarudi jioni ana njaa, akinimwagia umbea wa mtaa mzima kwa Kinyiramba, mbio mbio, kama enzi zile za Kinampanda.

Sasa amelala huko huko Kinampanda, kando ya baba. Geti letu mchana hatulifungi, na vitukuu wa yule mtetea wanaingia na kutoka.