Siku Niliyobarikiwa Pamoja na Ukuta

Ukifika Igowole ukasikia mtu sokoni ananiita "Mheshimiwa Dirisha", nakuomba usimuulize sababu, kwa maana ataanza kukueleza huku anacheka, na akifika katikati atakuwa ameongeza na mambo ambayo hayakuwepo. Yaliyokuwepo yanatosha. Acha niyaseme mwenyewe, aibu ni yangu na naijua vizuri kuliko yeye.

Mimi ni fundi ujenzi, mzaliwa wa Uyole. Shule niliishia darasa la sita, mwaka ambao baba alitangulia na mama akamfuata, na kwa kuwa mimi ndiye mkubwa kati ya wanne nikaacha kalamu nikashika mwiko. Wadogo zangu waligawanywa kwa ndugu kama vyombo vya ndani (inauma kusema hivyo, lakini ndivyo ilivyoonekana kwa macho yangu): Tupo akaenda kwa shangazi kule Igawa, Lwitiko akabaki Uyole kwa baba mdogo, na Anyisile, kitinda mimba, akapelekwa kwa bibi Tukuyu. Niliwaambia siku ile kwamba ipo siku tutalala tena chini ya paa moja. Nilikuwa na miaka kumi na mitatu na sikuwa na paa lolote, ila nilishasema.

Sasa tuje kwa Mzee Mgaya. Huyu mzee aliishi Ulaya miaka mingi, kwenye milima ya Alpi, akitunza bustani ya abasia moja ya zamani sana (abasia ni makao ya watawa, lakini ile, kwa alivyoisimulia, ilikuwa kubwa kuliko Igowole yote pamoja na mashamba ya chai). Alipostaafu akarudi Igowole na masanduku mawili, maumivu ya magoti, na kalenda. Kalenda yenyewe ilishapitwa na wakati, lakini hakuitundika kwa ajili ya tarehe. Kila mwezi una picha yake. Januari ni abasia kwenye theluji, minara miwili yenye vichwa kama vitunguu. Aprili ni ngome iliyokaa ukingoni mwa jabali kama mbuzi asiyejali maisha yake. Oktoba ni lango, na lango la Oktoba ndilo alilotaka nimjengee mbele ya nyumba yake: mawe chini, tofali juu, na juu kabisa chumba kidogo chenye tundu jembamba la kutazamia barabarani.

Kila jioni alikuwa anakaa kwenye ndoo iliyogeuzwa, ananisimulia. Kwamba ngazi za ngome zinazunguka kulia ili adui anayepanda mkono wake wa upanga ugonge ukuta. Kwamba watawa walijenga kanisa moja kwa miaka mia na zaidi, fundi anakufa, mwanawe anaendelea kwenye tofali lile lile.

"Na wengi hawakujua kusoma, fundi," akaniambia. "Kama wewe."

"Mimi najua kusoma, mzee."

"Basi huna kisingizio."

Nikamuuliza lile tundu nilipe upana gani, maana kalenda haina vipimo. Akasema kule lilikuwa la kutolea mshale, lakini yeye hana ugomvi na mtu, anataka tu aweze kutoa kichwa aone nani kapiga hodi. Sikuchukua futi kamba. Ilikuwa chini, mimi nilikuwa juu ya jukwaa, mvua ilikuwa inakuja. Nikavua mzula, kofia yangu ya sufu, nikapitisha kichwa changu kwenye nafasi ya tofali tupu, kikaingia, kikatoka, nikasema safi. Kipimo kimepatikana. Wiki mbili baadaye nikapiga lipu, saruji ya kufunika tofali, nene na laini, sentimita moja na nusu kila upande, nikaisugua mpaka inang'aa, na sikufikiria tena kichwa cha mtu yeyote.

Siku ya kubariki nyumba ilikuwa Jumamosi, na kwangu ilikuwa zaidi ya sherehe. Paroko alikuwa anatafuta fundi wa kujenga mnara wa kengele, na atakayepata kazi hiyo angepewa nyumba ya misheni ya vyumba vitatu, akae humo na watu wake kwa muda wote atakaokuwa fundi wa parokia. Vyumba vitatu! Nilishagawa vitanda kichwani. Paroko aliniambia waziwazi, "Nitakuja kubariki, na nitakuja kutazama." Kwa hiyo nikamwita Tupo kutoka Igawa, aje asaidie jikoni na pia aonekane, Paroko ajue kuwa hao watu wangu wapo kweli.

Saa nne ukungu ukainuka. Wageni wakakaa kwenye mabenchi nje ya lango, na wachache walikuwa wameshaonja pombe ya ulanzi mapema. Mimi nilikuwa juu kwenye kile chumba nafagia vumbi la mwisho, nikasikia sauti ya mzee mmoja huko chini:

"Lile tundu pale juu ni la panya au la bundi?"

Watu wakacheka. Hilo ningelivumilia. Lakini nikachungulia nikaona na Paroko anacheka, na hapo ndipo nilipofanya uamuzi mdogo kuliko yote niliyowahi kufanya maishani: nikavua mzula, nikatanguliza kichwa, nikakisukuma kwa nguvu kidogo, kisha kwa nguvu nyingi, mpaka kikatokeza nje juu ya watu wote.

"Ni la hiki hapa!" nikasema.

Makofi, vigelegele. Mzee Mgaya akainua fimbo yake, "Mnaona? Hivyo hivyo ndivyo mlinzi alivyokuwa anawatazama maadui!" Nikatabasamu, nikarudi nyuma ili nishuke. Sikurudi. Nikajaribu tena, polepole, kama mtu asiye na haraka. Masikio ya binadamu, siku ile nilijifunza, yameumbwa kwa safari ya kwenda tu: ukienda yanalala, ukirudi yanasimama na kushika pande zote mbili kama mtu anayegoma kupanda basi.

Ningepiga kelele pale pale ningecheka na wenzangu yakaisha. Lakini Paroko alikuwa ananitazama, na vyumba vitatu vilikuwa vinanitazama, nikaona ni bora nibaki hivyo hivyo na uso wa kazi. Hotuba ya mzee ikaanza. Aliongea kuanzia Januari hadi Desemba, ngome kwa ngome, na kila alipotaja mlinzi alinyoosha fimbo kwangu, na mimi nikatikisa nyusi, maana ndicho kitu pekee nilichoweza kutikisa.

Kisha Paroko akasimama kubariki. Akanyunyiza lango, akanyunyiza ukuta wa kushoto, wa kulia, akainua mkono akanyunyiza juu, na maji yakanipata usoni mara tatu. Sikuwa na mkono wa kujipangusa, mikono yote ilikuwa upande wa pili. Nikajibu "Amina". (Sijui Kanisa linasemaje kuhusu mtu aliyebarikiwa kama sehemu ya jengo, na sijathubutu kuuliza.)

"Fundi, shuka nikutambulishe kwa wageni!" akaita Mzee Mgaya.

"Endeleeni tu, mzee, mimi bado niko zamu!"

Wakacheka tena. Walidhani nina vichekesho. Wakaenda kula, wakaniacha na harufu ya pilau, shingo inaniuma, na inzi mmoja aliyegundua kabla ya wote kwamba siwezi kumfanya kitu.

Tupo ndiye aliyenikumbuka. Nikasikia hatua zake kwenye ngazi, nikasikia zimesimama nyuma yangu.

"Kaka, nimekuletea chakula."

"Asante. Weka hapo."

"Mbona umeinama hivyo?"

"Naangalia barabara."

"Ina nini?"

"Tupo, nimenasa."

Nikasikia sahani inawekwa chini kwa upole (amekulia kwenye kibanda cha chakula cha shangazi, hamwagi kitu), kisha nikasikia naye anakaa chini, kisha kicheko ambacho hakikuwa na sauti kwa muda mrefu, halafu kikapata sauti.

"Usimwambie mtu," nikamwambia. "Paroko akijua ndiyo basi tena. Leta mafuta kidogo, nitoke, yaishe."

Akaapa. Akaenda jikoni kuomba mafuta huku machozi yanamtoka, wapishi wakamuuliza amefiwa na nani, na baada ya dakika mbili mabenchi yote yalikuwa yamerudi chini yangu. Nilipomlaumu alinijibu, "Sikumwambia mtu, kaka. Niliulizwa."

Mafuta yalitoka kwenye sufuria ya pilau, bado ya vuguvugu, yana kitunguu na iliki. Yaliniacha nanukia vizuri na hayakunitoa. Wanaume wawili wakanivuta miguu mpaka nikahisi nimerefuka. Ndipo akapanda Bibi Sekalinga, mkunga mstaafu, akawafukuza wote.

"Nusu ya kijiji hiki nimewatoa mimi, na wengine walikuja vibaya kuliko huyu," akasema, akaniwekea mkono mgongoni. "Mwanangu, usisukume mpaka nikwambie."

"Bibi, mimi sitakiwi kutoka huko, natakiwa kurudi humu."

"Nyamaza, pumua."

Nikapumua. Umati chini ukapumua nami, kwa pamoja, na kuna mjinga mmoja akaanza kuhesabu uchungu. Bibi Sekalinga naye mwishowe akakata tamaa, akasema hii si kazi ya mkunga, ni kazi ya nyundo.

Mzee Mgaya alikubali kwa uchungu mkubwa. "Kule ngome zilizingirwa miezi na miezi hazikubomoka," akalalamika, "yangu inabomolewa siku ya kwanza, tena na walio ndani." Wakaleta tindo na nyundo, wakaanza kugonga tofali upande wa chini, mbali na shingo yangu. Wakagonga. Wakapokezana. Vumbi likatoka, cheche zikatoka, tofali halikutoka.

Hapo Paroko akaegemeza ngazi ukutani kwa nje, akapanda, tukawa uso kwa uso, hatua moja tu kati ya pua yake na yangu.

"Fundi, umechanganyaje hapa?"

"Saruji ndoo moja kwa mchanga ndoo nne, Padri."

"Na tofali?"

"Za kuchoma. Nililoweka kila moja kabla ya kujenga."

"Nani alikuwa anakusimamia?"

"Hakuna. Mzee alikuwa anasimulia tu."

Tupo akapaza sauti kutoka ndani, "Kaka, ungeiba hata mfuko mmoja wa saruji tungekuwa tumeshakutoa!"

Watu wote wakaangua kicheko. Paroko hakucheka.

"Sasa niambie," akasema, "kama ulijenga vizuri namna hii, kwa nini tundu limekukataa?"

Nikamwambia, "Baridi, Padri. Ukuta umejikunja kwa baridi."

"Umejikunja."

"Kidogo."

Akaendelea kunitazama. Huko ndani nyundo zikaanza tena, na kila pigo nililisikia kwenye meno. Na ukweli ni kwamba nilishajua tatizo muda mrefu, tangu kwenye hotuba, mwezi wa Machi hivi. Nilijua pia dawa yake, ni kazi ya dakika kumi. Lakini kuitaja dawa ni kutaja kosa, na kosa lenyewe ni la mwanafunzi wa wiki ya kwanza, na aliyekuwa mbele yangu ndiye mwenye funguo za vyumba vitatu. Nikamwona Anyisile anafunga virago vyake kurudi Tukuyu kabla hata hajafika. Halafu tindo likateleza likapita karibu na koo.

"Acheni!" nikapiga kelele. "Padri, nilipima kabla ya lipu. Nilipima kwa kichwa hiki hiki, kwenye tofali tupu, nikasahau kwamba lipu ina unene. Waache tofali. Wabandue lipu tu, hapa na hapa, kwenye masikio."

Sauti ya yule mzee wa panya na bundi ikatoka chini, "Kumbe ni la bundi."

Wakabandua. Nikatoka kama kizibo, nikamwangukia Tupo, na sahani yangu ya pilau ikawa chini yetu. Nilipofika dirishani, sasa kwa mbali, Paroko alishashuka na kuondoka, bila kuaga, bila kula. Tupo naye akaacha kucheka. Alinipangusa mafuta masikioni kwa khanga yake.

Jumanne nikaitwa misheni. Paroko alikuwa amesimama nje ya darasa moja lenye ufa unaoweza kupitisha mkono.

"Kuhusu ufa huu nimewauliza mafundi watatu," akasema. "Wa kwanza alisema ni mizizi ya miti. Wa pili alisema ni tetemeko. Wa tatu, aliyelijenga mwenyewe, alisema ni mapenzi ya Mungu, mpaka leo anasema hivyo. Wewe ulisema ni baridi." Akapitisha mkono ndani ya ufa. "Lakini ulisema kwa dakika chache tu."

Akanipa funguo. Sharti lilikuwa moja, futi kamba ashike Tupo.

Basi ndivyo tulivyo sasa, wanne ndani ya vyumba vitatu, na mnara umefika usawa wa miti. Sina heshima yoyote humo ndani. Nikipita mlangoni Anyisile anainuka na rula kunipima, na Lwitiko anatangaza kama nimefaulu. Nilikwenda kwa Mzee Mgaya na ndoo ya lipu nirekebishe palipobanduliwa, akanizuia na fimbo.

"Kila ngome niliyoijua kule ilikuwa na mfungwa wake wa kuwasimulia wageni," akasema. "Yangu ilikuwa haina. Usiguse."

Sikugusa. Ila nimeapa, na Tupo ni shahidi: kila tundu nitakalojenga maisha yangu yote nitalipima baada ya lipu, likishakauka, mara mbili, kwa futi kamba. Kichwa changu nimekistaafisha kazi ya ujenzi.